Uso Wako Nimempelekea Mama Yako

Mume wangu mdogo, Trésor,

Anayesema ni mimi koko yako, bibi aliyemzaa mama yako, anayeandika ni Furaha, msusi wa chumba cha mbele hapa Bellevue, huku ugenini. Shule mimi niliipita kwa nje, kuni kichwani. Furaha ananiomba niseme polepole. Nimemwambia aandike haraka.

Tumekuzika Jumamosi. Kuna jambo nimelifanya juu ya uso wako, na nataka ulisikie kutoka kwangu.

Unakumbuka ulivyonisumbua na yule Mjapani wako? Ulikuwa unasomea mambo ya sinema. Mimi natwanga sombe, majani ya muhogo, wewe umekaa juu ya ndoo unanisimulia maisha ya mpiga kamera wa zamani kama vile ni shemeji yetu. Kwamba alianza kwa kumbebea bwana mwingine miguu ya kamera. Kwamba kamera za siku zile zilizungushwa kwa mkono, na mkono ukilegea watu kwenye picha wanakimbia kama kuku. Basi alikuwa anaimba moyoni ili mkono usipoteze mwendo. Hapo nilimwelewa. Hata mchi unataka wimbo.

Halafu ukafika kwenye tetemeko la ardhi. Mji wao umeanguka, moto unakula nyumba, na yeye katoka na kamera yake katikati ya maiti. Watu wakamtupia mawe. Nikaacha kutwanga.

"Huyo hakuwa na mama? Watu wanakufa, yeye anazungusha mkono kama anasaga mahindi."

"Koko, asingezungusha, walio mbali wangejuaje?"

"Wangeambiwa."

"Wewe ulipoambiwa babu amekufa mgodini, uliamini?"

Nilikurushia konzi ya sombe usoni, ukafuta macho ukicheka. Lakini ulisema kweli. Mwili wa babu yako hatukupewa, na mpaka leo mwanamume akikohoa nyuma yangu, nageuka.

Ukanimalizia habari ya Mjapani. Filamu zake nyingi ziliungua, maana filamu za zamani zilishika moto kama nyasi kavu. Vita vikaja, akatumwa kupiga picha za askari. Akazeeka, akafa, hakuna anayemjua. Nikasema hiyo si kazi, ni laana. Ukachukua kamera ukaenda kwenye harusi Yeoville.

Harusi zilikulisha, lakini watu walikuheshimu kwa ajili ya matanga. Mtu akifa hapa na mama yake yuko Bukavu, walimwita Trésor apige picha za mazishi, ili mama naye azike kwa macho.

Siku wenyeji walipovunja maduka ya wageni Doornfontein nilikwambia usitoke. Ulitoka. Wenye marungu walikukuta unapiga picha duka la fundi cherehani likiungua. Siendelei hapo. Furaha ameanza kulowesha karatasi.

Mama yako kule Lubumbashi alikataa kuweka matanga. "Mama," akaniambia, "nionyeshe uso wake. Bila hivyo hujaniambia kitu." Kila asubuhi akawa anapigia simu yako, ile iliyokuwa mfukoni mwako, nami naiangalia ikitetemeka juu ya meza.

Pastor akanivuta pembeni. "Koko, uso ule si wa kumwonyesha mzazi. Tufunge sanduku, Kasongo apige picha za maua."

Kasongo, rafiki yako aliyeshika kamera, akaitikia kwa kichwa.

"Pastor," nikasema, "maua hakuyazaa."

Nikafungua sanduku mwenyewe. Damu nilikuwa nimeiosha. Mfupa sikuuweza, mume wangu, mfupa ulikataa kurudi mahali pake. Nikamwita Kasongo asogee karibu, asitie muziki wowote. Alikuwa analia, kamera inacheza. Nikamshika kiwiko mpaka akamaliza.

Jana mama yako ameiona ile picha. Nilikuwa kwenye simu naye. Nikadhani nimemuua, nikamwita.

"Mwanangu, ni yeye?"

"Sikio ni la baba yangu," akasema. "Ni yeye."

Ndipo akalia. Nimemzaa mimi, sauti ile sikuijua. Nikawasikia wanawake wa jirani wakiingia mmoja mmoja, wakimwitikia, na mtu akiuliza turubai la matanga liko wapi.

Leo asubuhi hakukupigia.

Kama nimekukosea, utanigombeza nikifika, wala sitachelewa sana. Lala, mwanamume wangu. Huko hakuna mwenye rungu.

Mke wako mzee,
Koko