Bila Kusema "Rudia"

Papa Furaha, Bahati mume wangu,

Tangu tukuzike, kamera yako ya sinema naibeba mimi, hata bila filamu ndani. Ndugu zako walinicheka wee, mwishowe wakachoka. Nazungusha ufunguo wake vile ulivyonifundisha, nakaa pembeni, nangoja watu wanisahau. Kumwambia tunayempiga filamu "rudia" bado ni mwiko kwetu.

Unamkumbuka yule mwindaji wa Walikale? Kusikia tu atapigwa filamu, akaenda kutazama mitego yake msituni na suti ya ndoa! Nilitaka kumwambia abadilishe, ukanifinya mkono: "Mama Furaha, umuache. Njo vile anapenda aonekane." Suti ikarudi na matope hadi kiunoni, nawe nyuma yake unapiga tu. Mpaka leo nacheka peke yangu jikoni.

Sasa sikiliza. Wakati wa matanga yako nilibaki na filamu moja, ya mwisho, maana mzungu wa shamba la pareto aliyekuwa akituagizia amerudi kwao. Nikaamua iwe ya mama yako. Nilimkuta kijijini kwake Mushaki, uani, anachambua maharagwe juu ya mkeka, macho makavu. Mdogo wako Safari akapandisha hasira: "Umuambie alie! Batu batasema hatukumulilia Bahati!" Hata mimi niliogopa midomo ya watu, na filamu ile ikiisha basi. Lakini sikumwambia mama yako alie. Safari akaondoka amenuna, mimi nikapiga filamu mikono ya mama yako na maharagwe.

Wingu likashuka. Mama yako akageukia mlangoni, akaita. Nilisikia vizuri, nikaendelea kupiga, machozi yananiziba jicho.

Filamu ilikwenda Ulaya kusafishwa, ikarudi. Jumapili tukaionyesha kwenye ukumbi wa misheni, juu ya shuka. Haina sauti, unajua. Mama yako alipogeuka, midomo ikafunguka, Safari mwenyewe akasimama: "Anaita Bahati! Anamuita aanue maharagi, mvula inakuya!" Akakaa chini, akalia kama mtoto. Hakuna aliyeuliza tena kama ulililiwa.

Mimi pia nakuita, mume wangu, kwa mambo madogo hivyo hivyo, halafu naona haya.

Pumzika. Mtoto wetu Furaha anakusalimia. Mama yako hatabaki peke yake, nakuahidi. Kesho napanda Mushaki kukaa naye, na kamera naiacha nyumbani.

Mkeo,
Mama Furaha