Jioni ya Uwajibikaji

Kaka Hubert,

Natangaza kwa heshima zote kwamba birika letu limepigwa marufuku kupiga mluzi. Mjukuu wangu Tamsin anakariri tamthilia ya mtihani, ile ya matajiri wanaofunzwa kujali wenzao. Nyumba nzima imejaa wema hadi unachefua.

Jana mama yake alimhoji mezani kuhusu msichana maskini anayekufa katika tamthilia hiyo.

"Nani alaumiwe?"

"Sisi sote, mama."

"Toa mfano."

Mara hodi. Dirishani tukamwona jirani, Bi Ollerenshaw, ambaye mtambo wake wa kupasha nyumba joto umekufa tangu Jumapili.

"Msifungue," akanong'ona mwanangu Clive. "Huyo akiingia haondoki, na mtoto anasoma uwajibikaji."

Nikajikongoja kwenda kufungua. Bibi wa watu alikuwa ameshageuka, akateleza kwenye barafu ya ngazini. Amevunjika nyonga.

Dada yako,
Winifred