Breki Mbovu na Mguu wa Mama

Eldoret,
9 Machi 2025.

Mpendwa kaka Wakoli,

Salamu nyingi kutoka nyumbani. Hali yako huko Doha na hilo joto? Kile kifua kilipoa? Sisi tunapumua kwa neema ya Mungu. Wakulima wa kule mji wa Ziwa wameshalima, wanangoja tu mvua ishike wapande.

Mama anaendelea. Ule mguu uliokatwa chini ya goti umefunga kidonda, na sasa anatoka na magongo mpaka mlangoni kuota jua. Ugali anataka asonge mwenyewe. Ukimkataza ananuna.

Kaka, nimechukizwa mpaka chakula hakipiti. Jumanne tulikuwa kortini. Ile kampuni ya treni za mizigo imekubali mchana kweupe kwamba treni iliyomgonga Mama akivuka reli ilikuwa na breki mbovu, na kwamba walijua. Nikadhani kesi imeisha. Kumbe! Wakili wao akasimama akasema sheria ya breki iliwekwa kulinda wafanyakazi wa reli. Mama ni mpita njia tu, kwa hivyo breki hazimhusu, eti alizembea mwenyewe. Umewahi kusikia upuzi kama huo? Kwani treni huuliza mtu kitambulisho cha kazi kabla ya kumvunja mguu?

Halafu wakamgeukia baba mdogo Wamalwa. Mama akiwa amelazwa, watu wawili wa kampuni walikuja kumwona na mkate na maziwa. Unajua sisi, mtu akija kukupa pole huwezi kumkunjia uso. Baba mdogo akawakaribisha, akasali nao, akawaambia vile huwa tunaambia kila mtu matangani: hatulaumu mtu, ni mpango wa Mungu. Maneno hayo ya adabu wameyabeba mpaka kortini, eti familia ilikiri kampuni haina kosa. Hawana haya hata kidogo. Tangu siku hiyo baba mdogo akiambiwa aombee hata chakula, anakataa.

Sasa nije kwa lako. Hao wa kampuni wanataka Mama atie sahihi kwamba kosa lilikuwa lake, ndipo wamnunulie mguu wa bandia, na wewe umemwambia akubali yaishe. Uko mbali na unamwonea huruma, naelewa. Lakini nakusihi usimsukume tena. Wakili wetu, Bi. Ciru, anasema hakimu anaweza kuitupa ile hoja yao ya breki. Anaweza pia kuikubali, sikufichi.

Nilimsomea Mama ujumbe wako. Akaniambia nikuandikie hivi: "Mwambie Wakoli mguu naweza kukosa. Lakini nikisema kosa ni langu, watapita hapa na breki zile zile, na atakayegongwa kesho ataonyeshwa sahihi yangu."

Msalimie Oyugi unayeishi naye. Baba mdogo na shangazi Kageha wanakusalimu sana. Mwanangu Mideva pia anakusalimu, ameingia darasa la pili. Shule iko ng'ambo ya reli, na pa kuvukia ni pale pale.

Mungu akutunze ugenini, akurudishe kwetu na viungo vyote.

Ni mimi dadako, nikupendaye hata nikikugombeza,

Selpha