Wimbo wa Mwendo wa Baba

Baba yangu mpendwa,

Shikamoo. Natumaini umzima, na ule mgongo unaokusumbua ukikaa sana kwenye kiti cha treni umepata nafuu. Sisi hatujambo. Mdogo wangu anatembea sasa, ingawa kama mtu aliyejitwika ndoo, na kila mwanamume mwenye kofia anamwita Baba. Juzi alimwita hivyo msoma mita wa maji. Mama alicheka, kisha akaingia ndani akakaa huko kidogo.

Uliuliza ninajifunza nini hasa, maana uliambiwa ni mambo ya zeze na saa ukahofia nitaharibika. Baba, ni elimu. Inaitwa utanuzi. Mtanuzi hupiga zeze, na muda humtanukia yule anayepigiwa, huku kwa wengine saa ikienda kama kawaida. Lakini si wimbo wowote tu. Wimbo hujengwa juu ya mwendo wa mtu mwenyewe: anavyokanyaga, mguu upi mzito, wapi anasita. Usiyemjua mwendo wake huwezi kumtanulia hata kufumba na kufumbua.

Ndiyo maana mwalimu wetu huwafuata watu nyuma, na mtaa mzima unamwita Mwalimu Kivuli. Hakasiriki. Jirani yetu fundi cherehani alimwomba ampigie ili suruali za wateja ziishe siku aliyoahidi. Mwalimu akamjibu kwamba muda anaweza kuutanua, lakini uvivu umemshinda. Fundi alicheka mpaka akajidunga sindano.

Mwezi uliopita alikwenda nami hospitali. Daktari mpasuaji alikuwa na mgonjwa, mtoto ambaye nguvu zake zisingestahimili upasuaji mrefu. Mwalimu alimfuata daktari kwenye korido, huku na huko, hadi daktari akalalamika kwamba anaandamwa kama mwizi wa kuku. Mwalimu akamwambia kwa heshima kwamba akiwa na wasiwasi kisigino chake cha kulia hakigusi sakafu, na hicho ndicho alichokuwa akikitafuta. Kisha akaketi nje ya mlango akapiga. Daktari alitoka amechoka kama mtu aliyelima kutwa, na chai aliyoiacha mezani ilikuwa bado inatoa mvuke. Mtoto yule sasa anaisumbua wodi nzima kwa kelele. Kama kuna kazi nzuri kuliko hii, mimi sijaiona.

Sasa nije kwenye jambo lenyewe. Treni yako husimama hapa muda wa kushusha mifuko ya posta tu. Mara ya mwisho ulimbusu mdogo wangu dirishani, filimbi ikalia, naye akalia kuishinda filimbi. Safari ijayo nimeruhusiwa kuwapigia, miendo yenu mitatu katika wimbo mmoja. Wewe, Mama na mdogo wangu mtapata alasiri nzima kwenye benchi lililo nyuma ya ghala, na mlinzi wa stesheni ataona mmekaa mkasimama, basi. Mwalimu alijitolea kupiga yeye, maana mwendo wa Mama na wa mdogo wangu anaujua, lakini wako haujui. Mimi naujua tangu nikiwa kitandani nakusikia ukirudi kutoka kazini: kiatu cha kushoto kinaburuta kidogo, unasita kizingitini, ndipo unaingia. Nilipoupiga, Mwalimu alifumba macho akasema hata sokoni angekutambua. Sijawahi kusifiwa hivyo.

Kwa hiyo nakuomba, ukishuka usikimbie. Najua utatamani. Tembea kama unavyotembea nyumbani, la sivyo wimbo utakupotea.

Kuna jambo Mama halijui. Anayepiga, yeye muda haumtanukii. Nilimjaribu Mama siku ya kufua. Alimaliza kapu zima la nguo akanilaumu kwamba amenisemesha mchana kutwa sikumjibu neno, nami nilikuwa nimepiga wimbo mmoja tu. Alidhani nimenuna, nikamwacha adhani hivyo. Kwa hiyo kwangu, Baba, utashuka na kupanda. Mama amenishonea gauni kwa ajili ya siku hiyo, na ameshapanga nani akae wapi kwenye benchi. Akijua atakataa, na mdogo wangu ataendelea kuwakimbilia wasoma mita. Tafadhali mweleze wimbo ukishaanza, wala usimruhusu anigombeze, maana sitamsikia.

Nilimuuliza Mwalimu kama jambo hili humuuma. Akasema ndiyo, akaniambia nikaze nyuzi.

Mkinisemesha nisiitike, msidhani nimewapuuza. Nikiinua macho mkono utakosea. Nimeridhika, Baba, kweli nimeridhika. Ila ukipata nafasi katika alasiri hiyo, mdogo wangu akisinzia mapajani mwa Mama, njoo ukae karibu yangu kidogo. Sitajua. Lakini nitapenda kuambiwa baadaye kwamba ulikaa.

Mama anakusalimu sana, na mdogo wangu anakusalimu kwa kuitafuna kona ya karatasi hii, utaiona. Mungu akulinde relini.

Ni mimi kifungua mimba wako,
Binti yako