Gari Yenye Bakamata ku Muto

Jumatatu, 9 mwezi wa pili
Butembo. Nimekunywa chai, nimengojea gari. Kila siku Mbusa, shofere yangu, anarudi na muchanga asubui mapema. Leo hapana. Fundi mwenye anajenga kule Rughenda ameniita ku telefone mara mbili: batu ya kazi bamekaa bure, muchanga iko wapi?

Muchana Mbusa akafika juu ya moto, pikipiki ya kukodi, matope mpaka ku magoti. "Patron, bamekamata gari ku muto. Banasema tunachimba muchanga bila ruhusa."

Lakini sisi hatuchimbe. Vijana ya kule njo banachimba. Sisi tunabeba tu. Sielewe.

Jumanne, 10
Nimezunguka ofisi za serikali. Bureau ya kwanza: ile gari hatuijue. Bureau ya pili, mulango ya pembeni: kubeba muchanga si kosa, kosa ni fasi, mahali inatoka. Fasi gani? Hawajue. Niende kuuliza mu muji ya Beni.

Kichwa inaniuma. Muke yangu ameuliza bamesema nini. Nimemwambia kesho kutwa naenda Beni.

Alhamisi, 12
Beni. Gari nimeiona. Iko mu kiwanja ya bureau, katikati ya moto zenye kukamatwa, muchanga ingali ndani. Nilishika mulango yake kama vile mutu anashika mukono ya mugonjwa. Askari akanifukuza.

Chef, mukubwa ya ile bureau, ni mutu mupole. Alisema kuna mama alileta plainte, mashitaka: vijana banachimba chini ya shamba yake, udongo inaanguka mu maji, na gari njo inawaletea soko. Jina yake Masika. Nikacheka kidogo. Kwetu ba Masika ni wengi. Kisha akataja kijiji.

Ni kwetu. Ni yaya yangu, dada mukubwa wa tumbo moja.

Ijumaa, 13
Sikulala. Hasira, kisha haya, kisha hasira tena. Wakati wa kurudi kutoka Beni nilishuka ku njia, nikaenda kwake. Alikuwa anapalilia maharagi.

"Yaya, umenishitaki?"

"Nilishitaki gari. Sikujua kama ni yako."

"Ungeniita kwanza."

"Niite nani? Wewe unakuja huku Noeli tu."

Akanipeleka chini ku muto. Vijana bameacha fasi ya zamani, bamepanda na muto mpaka kwetu. Mbusa hajue shamba yetu, anafuata tu fasi iko muchanga. Nusu ya maharagi imeenda. Mizizi inaning'inia mu hewa. Kaburi ya mama yetu iko pale pale, pembeni ya shimo. Nikikanyaga, naona udongo inatikisika.

"Unataka niondoe plainte?" yaya akauliza. Nilipanda moto, nikaenda. Sijue ninamukasirikia nani.

Jumamosi, 14
Sikutoka. Bila ile gari hatuna kitu. Na kaburi ya mama je? Nimezungusha ile maneno siku nzima.

Jumatatu, 16
Nilirudi Beni kubembeleza. Nikamukuta yaya Masika amekaa mbele ya chef, na kitenge yake ya misa. Hakuniambia kama atakuja.

"Mupatie huyu gari yake," akasema.

Chef akaniangalia, akamuangalia. "Mama, unashitaki ama haushitaki?"

"Nashitaki. Ile fasi mufunge. Gari mumupatie."

"Donc basi unamushitaki mutu, na unamutetea?"

"Ni mudogo yangu."

Chef akashika kichwa. Akatoka, akaita mukubwa yake ku telefone, akarudi, akatoka tena. Nilitaka kulia, sijue juu ya gari ama juu ya yaya. Mwisho chef akasema: gari itoke, agent ya bureau atafuatana na sisi kufunga ile fasi, na nikionekana pale tena, nitafungwa. Nikauliza: na muchanga je?

"Irudi fasi yenye ilitoka," yaya akasema.

Jumatano, 18
Agent alifukuza vijana. Bameshuka chini kidogo, bameanza tena. Agent alisema ile si fasi yenye iko mu plainte. Akaenda zake.

Tukamwaga muchanga pembeni ya shimo, mimi na Mbusa, tukapanda matete juu yake. Sijue kama itashika.

Jumapili, 22
Nilikuja na gari kwa yaya baada ya misa. Si Noeli. Tulikula maharagi yenye ilibakia.

Mvua ikaanguka. Tukaingia mu gari, sisi wawili, tukiangalia muto inapanda. Matete ililala, ikasimama, ikalala tena. Yaya akasinzia, kichwa yake ku bega yangu. Sikuwasha moteri.