Mpaka Afumbue Macho

Jumapili, 4 Mei

Na mikono yenyewe ni hiyohiyo niliyoisifu hapa juzi, ukurasa mzima! Mikono ya mume wangu. Sasa wanasema haifai. Wamemwambia asiingie chumba cha upasuaji mpaka uongozi ukae kikao, Jumatatu ya kwanza ya mwezi ujao. Kwa sasa akae stoo, apange mitungi ya oksijeni. Mume wangu! Mtu aliyewalaza watoto wa watu usingizi na kuwaamsha salama tangu hata hajanijua.

Bado tunanukia harusi. Zawadi nyingine hatujazifungua. Asubuhi nimemmiminia chai, akanishika kiuno, akaniambia bibi harusi, usiweke kinyongo. Nikamwambia sina.

Ninacho. Tena nitakilea kama mtoto wangu wa kwanza.

Jumatatu, 5 Mei

Leo nimembana mpaka akanieleza yote. Niandike nisije nikasahau hata kimoja.

Alikuwa mtoto wa kike, mdogo, wa kutolewa mafindofindo. Bwana Kisu alimaliza kukata vizuri. (Ndivyo ninavyomwita yule daktari mpasuaji. Jina lake halitachafua daftari langu.) Mume wangu akamfyonza mtoto damu na mate yote kooni, akamlaza ubavu, akamtoa mpira wa kupumulia. Hapo, anasema, ndipo penye hatari. Mtoto hajalala sawasawa, hajaamka sawasawa. Yuko katikati. Na mtoto aliye katikati haguswi. Haitwi. Hata sinia halidondoshwi. Anaachwa mpaka afumbue macho mwenyewe.

Lakini Bwana Kisu ana mtindo wake. Akimaliza kazi lazima ampige mtoto vibao vidogo shavuni — pa, pa, pa — amka, bingwa! — halafu atoke nje na kifua mbele amwambie mama mtu kwamba nimekuamshia mwanao. Mume wangu amemwomba aache mara nyingi. Siku ile akamwomba tena. Bwana Kisu akapiga vilevile.

Koo la mtoto likajifunga.

Nikasema nieleze kifundi, mimi ni fundi cherehani. Akachukua kile kifuko changu cha vifungo, akavuta kamba, mdomo ukajikunja ukafunga. Ndivyo nyuzi za sauti zinavyofanya. Zinadhani kuna adui anaingia, zinafunga mlango, na hewa nayo inabaki nje. Mwanzoni unasikia mlio mwembamba kama wa filimbi. Kisha kimya. Wasiojua hufurahia kimya hicho! Kumbe ndiyo mlango umefungwa kabisa. Kifua kinabonyea ndani, tumbo linafura, mfuko wa mashine hautikisiki, midomo inaanza kuwa ya kijivu.

Ukafanyaje? Akanikalisha kitini, akasimama nyuma yangu. Vidole vikashuka nyuma ya masikio yangu, kwenye kile kishimo chini ya sikio, akabonyeza ndani kwa nguvu huku akisukuma taya mbele. Inauma! Lakini nilisisimka mpaka kwenye nyayo, niseme ukweli. Mtoto alifanyiwa hivyohivyo, barakoa imembana uso, oksijeni tupu inasukumwa. Haikufunguka. Akaagiza dawa ya usingizi iongezwe. Bado. Akaagiza ile ya kulegeza misuli, ambayo huwa ameshaivuta kwenye sindano kabla mgonjwa hajaletwa — kila siku, hata asipoihitaji mwaka mzima. Koo likalegea. Akampumulisha kwa mfuko mpaka akaanza kuvuta hewa mwenyewe. Baadaye, macho wazi, mtoto akalia. Mume wangu anasema hajawahi kusikia kitu kitamu kama kilio kile.

Nikambusu mikono yote miwili.

Na Bwana Kisu? Alitoka nje akamwambia mama wa mtoto: "Tumemwokoa. Huyu mtu wa usingizi ni bwana harusi, akili yake bado iko fungate."

Fungate! Fungate yangu mimi! Amechukua siku zangu tamu akafutia makosa yake kama dekio. Hospitali nzima sasa wanamwita Bwana Harusi, na wanacheka.

Haya. Acheni wacheke.

Alhamisi, 8 Mei

Mungu hamtupi mja wake. Leo mwanamke mmoja mnene, mchangamfu, ameingia dukani na suruali ya mumewe. Ipanuliwe kiuno, mume amenenepa. Katika kupiga soga akasema mumewe ni daktari mpasuaji. Wa hospitali hiyo hapo ng'ambo ya barabara. Akamtaja na jina: ni yeye!

Nilikuwa na pini mdomoni, nusura nizimeze.

Mimi mgeni mtaa huu, hajui nimeolewa na nani. Nikamwambia dada, acha tu, nitaishughulikia mwenyewe.

Suruali ya Bwana Kisu iko mezani pangu! Nimeitazama mchana kutwa. Jioni nimeichukua, na badala ya kupanua nimeipunguza kiuno. Kidogo tu. Nikaipiga pasi vizuri kabisa. Aivae, ashindwe kupumua, ajue koo la mtoto lilivyokuwa.

Jumamosi, 10 Mei

Mama mkwe amepiga simu. Ananiita mwanangu, ana sauti laini kama ya mwanawe. Anasema tuvumilie, mvumilivu hula mbivu. Nikaitikia ndiyo mama. Lakini mbivu zenyewe anazila Bwana Kisu, sisi tumeachiwa kutazama maganda.

Mume wangu amenipikia leo. Chumvi ilizidi. Nimekula yote.

Jumatano, 14 Mei

Siamini. Nimeinuka, nimekaa, nimeinuka tena.

Bwana Kisu amempigia mume wangu simu. Mwanawe wa kiume anatolewa mafindofindo Ijumaa. Atakata daktari mwenzake, maana mtu hamkati mwanawe. Na wa kumlaza usingizi anamtaka nani? Bwana Harusi! Amekwishamwombea ruhusa ya siku moja. Siku moja tu, kisha arudi stoo.

Tena kumbe mtoto alipangiwa mwezi uliopita, baba mtu akaahirisha mwenyewe kwa sababu ya mafua. Kwa kuwa mafua ya juzijuzi huliacha koo likiwa na hasira, na koo lenye hasira hujifunga upesi. Anajua! Anajua kila kitu! Mkuki kwa nguruwe.

Nikasema usiende. Nikasema mwache ampigepige mwanawe vibao aone. Mume wangu hakugomba. Aliniambia tu kwamba yule mtoto hajamkosea mtu. Nikaona aibu, lakini aibu ndogo. Kwa mtoto nimesamehe, naomba aamke salama. Kwa baba, sijasamehe hata uzi mmoja.

Ijumaa, 16 Mei

Amerudi. Mtoto ameamka vizuri, amelia, ameomba maji. Ndiyo yote aliyosema. Ukimuuliza zaidi anatabasamu. Ninampenda mpaka nataka kumfinya.

Ameshapelekwa stoo tena.

Jumatatu, 19 Mei

Mke wa Bwana Kisu alikuja leo kuulizia suruali. Nikasema bado kidogo, dada, keti. Akaketi, na midomo yake ikafunguka yenyewe. Alikuwa kwenye benchi la nje Ijumaa, karibu kabisa na mlango wa chumba cha upasuaji. Anasema mumewe anavyompenda yule mtoto! Wamemaliza kukata, daktari mwenzake, kama alivyosimuliwa nyumbani, akanyoosha mkono ampapase shavu, baba mtu akapaza sauti mpaka yeye akaisikia huko nje:

"Msimguse! Mwacheni mpaka afumbue macho mwenyewe!"

Cherehani yangu ilisimama. Nilikuwa nimeachia kanyagio.

Nikamuuliza taratibu, kama mtu asiye na habari, kwani wakimgusa kuna nini? Akasema mumewe alimweleza nyumbani: ukimpiga mtoto kibao kabla hajaamka sawasawa, koo linafunga. Ni hatari sana. Daktari yeyote anajua.

Daktari yeyote anajua!

Nilimshonea kifungo cha blauzi bure, nikamwahidi kwamba suruali nitaipeleka kwake mwenyewe, nimjulie na mtoto hali.

Jumanne, 20 Mei

Nimekwenda kwa mama wa yule mtoto wa kike. Nyumba ya vyumba viwili, mlango wa bluu, mtoto anarukaruka kamba uani. Mzima wa afya, sauti kama kengele. Nikajitambulisha. Mama mtu akasimama mlangoni, hakunikaribisha.

Akasema anajua vizuri nilichofuata, mke wa mtu lazima amtetee mumewe. Lakini yeye alikuwa kwenye benchi, karibu na mlango. "Nilisikia makofi kwa masikio yangu," akasema. "Mumeo alimpiga mwanangu makofi, kisha wakaanza kukimbizana humo ndani." Na hayo hayo ndiyo atakayoyasema kwenye kikao, ameshaitwa.

Nikamwambia makofi yalikuwa ya mwingine. Akacheka. Si kicheko kibaya, ni kile cha mtu aliyechoka kuongopewa. Akaniuliza kama ningekuwa yeye ningemwamini nani, daktari mkubwa au bibi harusi mwenye hina mkononi?

Nilitazama hina yangu. Imeanza kufifia.

Njiani nililia kwa hasira, halafu nikasimama katikati ya barabara, nikapigiwa honi. Benchi lile lile! Mlango ule ule! Mmoja alisikia vibao, mwingine akasikia "msimguse". Kila mmoja ana nusu yake, na hawajawahi kukutana. Wakikutana, huyu mama atajiuliza mwenyewe kwa nini daktari anayejua kwamba vibao ni hatari hakuvitaja siku ile, akataja fungate.

Jumatano, 21 Mei

Mume wangu anasema nisiende popote, ukweli hauhitaji kusindikizwa. Kipenzi changu, ukweli wako umekaa stoo na mitungi.

Nimerudi kwa yule mama. Nimemwambia asiniamini mimi. Aje tu anisindikize kumjulia hali mtoto mmoja aliyetolewa mafindofindo, mama kwa mama, asikie mwenyewe, kisha aseme atakalo kwenye kikao. Aliendelea kuanua nguo. Mwisho akauliza huyo mtoto ni wa nani. Nikamtajia. Shuka ikabaki mkononi mwake, hakuikunja. Nilipofika kwenye geti akaniita, akasema siku ya kwenda nimpitie mapema.

Suruali iko tayari, imekunjwa, imefungwa kwa karatasi safi. Kiuno nimekirudisha kilivyotakiwa, kipana, starehe. Nataka siku hiyo Bwana Kisu akae sebuleni kwake akipumua vizuri kabisa.

Mkewe amepiga simu sasa hivi. Mtoto anakula, anacheza, anakaribisha wageni, je nitakuja lini? Mume wangu alikuwa amesimama mlangoni, kikombe mkononi, ananitazama.

Nikamwambia, "Kabla mwezi haujaisha, dada. Nitakuja na mwenzangu."