Sahihi ya Hilary

9 Bankfoot Terrace,
Todmorden,
Yorkshire.
Jumapili, 13 Oktoba 2024

Mpendwa Mama Mdogo Enid,

Shikamoo. Natumai barua hii itakukuta mzima huko Hobart, na kwamba goti la Baba Mdogo Keith limetulia tangu lipasuliwe. Mimi ni mzima wa mwili. Mvua haijakatika siku ya tisa leo na mto umefika kwenye ukuta wa bustani, lakini wewe umezaliwa hapa, sina haja ya kukuchosha na habari za mvua.

Mwanao Rowena alinitumia picha ya wajukuu zako. Yule mdogo kachukua kidevu cha marehemu mama. Nililia mlangoni mbele ya mtu wa posta, masikini, hakujua aangalie wapi.

Sasa nikwambie kinachonichoma. Ni huyu dada yangu Hilary.

Safari yake ya uandishi unaijua. Riwaya ya kwanza ilitoka mwaka tisini na moja, sote tukanunua nakala mbili mbili. Zikafuata nyingine mbili ambazo hata maktaba yetu iliziweka kwenye kapu la mlangoni, achukuaye achukue. Mchapishaji akamwacha. Kwa miaka kumi na miwili hakuwa na kitabu, akaishi London akiwafundisha wengine kuandika, huku akichomeka hadithi fupi moja moja magazetini. Leo uso wake uko kwenye kila dirisha la duka la vitabu, kainamisha kichwa kama mtu aliyelala vibaya, na mkusanyiko wake wa hadithi fupi, Jumapili za Mama, umepata tuzo.

Kitabu hicho nimekiandika mimi.

Sijarukwa na akili, Mama Mdogo. Unakumbuka ile miaka minne niliyomuuguza mama, kumbukumbu zilipoanza kumtoka? Kila Jumapili baada ya chakula cha mchana niliandika barua ya habari zake: amekula nini, amesema nini, amemwona nani ukutani. Nilitumia karatasi ya kaboni, mazoea yangu ya kazi ya ukarani. Nakala ya juu ilikwenda kwa Hilary, ya chini ikaja kwako, nawe ukawa unalalamika kwamba maandishi ya buluu yanakuumiza macho. Hilary alikuja mara mbili katika miaka minne. Mara ya pili hakuvua hata koti.

Nilipofungua kitabu chake nikakuta barua zangu. Si mawazo yangu, barua zenyewe! Mama na kijiko cha supu ndani ya soksi. Mama akimsalimia malkia kwenye stempu. Kabadilisha majina na kuondoa tarehe, basi. Na dada anayemuuguza mama katika hadithi zile anaitwa Maud, mwanamke mpana anayenuka vitunguu, ambaye eti hajawahi kuwaza wazo hadi likafika mwisho. Aliniibia, kisha akanitukana kwa maneno yangu mwenyewe.

Nilimpigia simu nikamwomba anirudishie barua zangu.

"Barua zipi, mpenzi? Nilizitupa nilipohama," akasema. "Na hiyo ni fasihi, Lorna. Usiichukulie kibinafsi."

Niichukulie vipi basi, kijumuiya? Nikakata simu. Tangu siku ile nimekuwa nikingoja nafasi yangu.

Mwezi uliopita nilikuwa napiga pasi nikamsikia redioni. Mtangazaji akamuuliza kuhusu ule mstari ambao wahakiki wote wanaunukuu, pale mama anapotazama mvua dirishani na kusema, "Fungeni bomba, kuna mtu anaosha milima." Hilary akavuta pumzi. Akasema alikuwa amemshika mama mkono aliposema hivyo, na kwamba hayo ndiyo maneno ya mwisho aliyoyasikia kutoka kwake. Nilicheka mpaka nikaunguza foronya.

Nilicheka kwa sababu hii, nawe naomba unisamehe. Mama hakusema maneno yale. Kuanzia Februari hakusema neno lolote hadi alipofariki Juni. Zile barua za miezi ya mwisho nilizitunga. Sikuweza kuwaandikia Jumapili baada ya Jumapili kwamba leo pia amenyamaza. Ule mstari wa bomba niliupata nikiwa nimesimama kwenye sinki. Najua uliunakili ukaubandika kwenye friji yako, Rowena aliniambia, na hilo ndilo limenifanya nikae kimya muda mrefu hivi. Naumia kukunyang'anya. Lakini siwezi kumwacha Hilary autembeze mjini kama wake.

Nafasi yangu ikaja jana, kwenye tamasha la vitabu la hapa kwetu. Aliletwa kusoma katika hema la uwanjani. Baada ya kusoma watu walipanga foleni ili watiliwe sahihi. Zamani mwandishi alikuuliza jina lako. Siku hizi msichana wa tamasha anapita na vikaratasi vya njano, anaandika kwa herufi kubwa unachotaka kiandikwe, anakibandika ndani ya kitabu, na mwandishi ananakili tu. Hilary anavipenda sana vikaratasi hivyo, maana hakumbuki sura ya mtu na hapendi kuumbuka. Ananakili huku anaongea na mwingine.

Nilivaa koti la mvua, kofia hadi kwenye nyusi.

"Niandike kwa nani, mama?" msichana akaniuliza. Nikamwambia. Akaacha kuandika. "Mbona ndefu hivyo?"

"Nimelowa hadi kwenye soksi, mwanangu. Niandikie."

Akaandika. Nilipofika mezani, Hilary alikuwa amemgeukia mzee mmoja mwenye skafu aliyekuwa akimmwagia sifa. Akavuta kitabu changu bila kuinua macho. "Ndiyo, ndiyo, ilinigharimu machozi," akamwambia yule mzee, na mkono wake ukaandika: Kwa Lorna, kwa Jumapili zote ulizoandika wewe, nami nikaweka jina langu. Akatia sahihi na mstari chini, mrembo kweli. Ndipo akasoma.

"Lorna." Rangi ilimtoka. "Nipe hicho kitabu."

"Nimeshakinunua."

"Lorna, mpenzi, watu wanatutazama."

"Waache watazame. Wamekata tiketi."

Yule mzee wa skafu akarudi nyuma hatua moja. Nami nikainama nikamwambia Hilary sikioni kwamba habari ya bomba na milima ni yangu, mama hakuitamka hata siku moja. Nilidhani atakana. Hakukana. Alishika ukingo wa meza, akaniuliza kwa sauti ya utotoni, "Kwa hiyo mwisho alisema nini?"

Nikavuta zipu ya koti langu nikaondoka.

Sasa nina ombi. Zile nakala zako za kaboni najua zimo kwenye kopo la biskuti juu ya kabati. Zifunge zote, pamoja na bahasha zenye mihuri ya posta, mpe Baba Mdogo Keith azitume kwa rejista. Nimeshapata mwanasheria, na mhariri wa gazeti la hapa anazingoja. Hilary atakupigia simu, atakuita Mama Mdogo kipenzi, pengine atalia. Usimpe hata ukurasa mmoja. Nataka jina langu juu ya maneno yangu, na nataka alione kila atakapopita dirishani.

Nisalimie Baba Mdogo Keith, Rowena na mumewe Craig, na huyo mdogo mwenye kidevu. Mungu awalinde nyote, awape majira mema ya kuchipua huko, nasi atupunguzie maji.

Mimi, mwana wa dada yako, nikupendaye siku zote,

Lorna

Nimeifungua tena bahasha. Najua nawe utaniuliza neno la mwisho la mama, na wewe siwezi kukunyima. Ilikuwa usiku wa tarehe tatu Februari, namgeuzia mto. Mama akatazama mlangoni akasema, "Hilary keshafika?" Kisha hakusema tena. Hilo sikuliandika kwenye barua yoyote. Akikupigia, usimwambie.